Urafiki wa Adili na Huria: Funzo Lake na Dosari Yake

Wahenga walisema, akufaaye kwa dhiki ndiye rafiki. Msemo huu tunausikia barazani na misibani, lakini mara chache tunajiuliza huyo atakayetufaa atatoka wapi. Wengi wetu hudhani atatoka katika ukoo, au katika mtaa, au kwa uchache katika kabila. Marehemu Sheikh Shaaban Robert, mzaliwa wa Vibambani karibu na Machui, Tanga, aliandika hadithi inayopinga dhana hiyo. Jina lake ni Adili na Nduguze, nayo ilichapwa mara ya kwanza mwaka 1952. Vijana wengi wameisoma shuleni kwa ajili ya mtihani, kisha wakaiweka kando. Inafaa isomwe tena nyumbani, wazee na watoto pamoja, kwa sababu ndani yake mna jambo zito kuliko mtihani.

Kwa msomaji aliyesahau, habari yenyewe kwa ufupi ni hii. Adili ni liwali wa Janibu chini ya Mfalme Rai wa Ughaibu. Mjumbe wa mfalme, Ikibali, anamwona liwali huyu usiku akiwapiga manyani wawili kwa mjeledi huku analia. Habari inafika kwa mfalme, Adili anaitwa, naye anaeleza kisa chake. Manyani wale ni ndugu zake wa damu, Hasidi na Mwivu. Baba yao alipokufa waligawana mali. Wale wawili walipoteza fungu lao, Adili akawainua tena kwa mali yake, kisha wakasafiri pamoja kwa biashara. Malipo yao yakawa kumtosa baharini. Aliyemwokoa ni Huria, mwanamke wa kijini, ambaye siku za nyuma Adili alimkuta akifukuzwa na adui mwenye nguvu, akamnusuru pasipo kujua ni nani.

Hapa ndipo penye kiini cha kitabu. Watu waliokuwa na kila sababu ya kumpenda Adili walimtupa, na kiumbe asiyekuwa na nasaba naye hata kidogo ndiye aliyemtoa majini. Tazama jinsi urafiki huu ulivyoanza. Adili hakuuliza huyu ni wa nani, wala hakuhesabu faida. Aliona dhaifu anaonewa, akatenda. Huria naye hakusahau. Kila mmoja alikutana na mwenzake katika saa ya upweke, ambapo hapakuwa na mwingine wa kusaidia.

Upweke huo tunaukuta tena katika mji wa mawe. Adili anaingia katika mji ambao watu wake wamegeuka mawe kwa ukaidi wao, na miongoni mwao amesalia mtu mmoja tu aliye hai, msichana Mwelekevu. Kwa maoni yangu hapana sehemu ya kitabu inayogusa moyo kuliko hii. Mtu anaweza kuzungukwa na sura za watu asipate hata mmoja wa kumjibu salamu. Nani kati yetu hajui nyumba ya namna hiyo, ambamo bibi kizee anakaa peke yake katikati ya mtaa uliojaa watu?

Wanaojua Alfu Lela Ulela watatambua kuwa kisa hiki kina asili huko, katika habari ya liwali wa Basra na ndugu zake wawili wakati wa Harun Rashid. Baadhi ya wasomaji humlaumu mwandishi kwa hilo. Mimi simlaumu, maana kazi ya mwandishi imo katika alichokibadili. Katika kisa cha kale ndugu wale, baada ya kusamehewa, wanarudia uovu wao. Shaaban Robert aliwafikisha kwenye toba. Kalamu yake haikupenda kumwacha mja nje ya mlango wa rehema, na hilo ni jambo la Kiislamu hasa.

Pengine maisha yake yalimfundisha. Alikuwa karani wa forodha tangu mwaka 1926 hadi 1944, na Pangani ni mojawapo ya vituo vyake. Karani wa forodha huona wageni kila siku. Na Tanga ya zama zake ilikuwa mji wa wageni: Wadigo, Wasegeju na Wabondei walikaa pamoja na Washihiri, Wangazija na Wahindi, na mashamba ya mkonge yalileta manamba kutoka nchi za mbali. Wengi wao walizikwa hapa na watu wasiokuwa jamaa zao.

Lakini mhakiki asiyeona dosari hamtendei haki mwandishi. Dosari ya kwanza ni ile amri ya Huria, kwamba Adili awapige nduguze kila usiku, na asipofanya hivyo aadhibiwe yeye. Je, rafiki ana haki ya kukuamuru umtese ndugu wa tumbo moja? Dini yetu imetilia mkazo kuunga udugu, na imetufundisha kuwa kiumbe hatiiwi katika kumwasi Muumba. Adili analia, lakini anapiga. Kitabu hakimsaili vya kutosha juu ya jambo hili. Hata msamaha haukuanza kwake, bali ulikuja Mfalme Rai alipoingia kati kuwaombea, na Huria akakubali. Ilimpasa Adili aombe mapema zaidi, maana urafiki wa kweli ni pamoja na kumzuia rafiki asipite mpaka.

Dosari ya pili ni Mwelekevu. Mtu aliyeishi peke yake kati ya mawe ana mengi ya kusema, lakini mwandishi anaharakisha kumfanya mchumba, na sisi tunabaki na kiu ya maneno yake.

Liko pia jambo la tahadhari kwa wasomaji. Pwani yetu, na Tanga hasa, haikosi watu wanaotafuta urafiki na majini kwa chano, ubani na kafara. Asije mtu akakifanya kitabu hiki kuwa hoja yake. Majini wapo, Qurani imewataja, na kama sisi wameumbwa ili wamwabudu Mwenyezi Mungu. Lakini Adili hakumwita jini, hakumfukizia, hakumwomba kitu. Alimwokoa kiumbe aliyeonewa, basi. Wema ule ndio uliomrudia.

Ndugu msomaji, Sura ya Hujurat inatufundisha kuwa tumefanywa mataifa na makabila ili tujuane. Kujuana huanza kwa kubisha hodi. Mtaani kwako yumo mgeni aliyehamia kwa kazi ambaye hana wa kufuturu naye. Yumo na mzee ambaye watoto wake wako ng'ambo, na simu ndiyo inayomjulia hali. Mmoja akimpelekea mwenzake bakuli la uji, wawili watakuwa wamepona. Usingoje mpaka utoswe baharini ndipo ujue rafiki yako ni nani.

Mwenyezi Mungu amrehemu Shaaban Robert, aliyefariki mwaka 1962, na atujaalie majirani wema, nasi tuwe wema kwao. Amin.