Nuru ya Claire Mathon

Miongoni mwa mafundi wa kamera walioipa filamu ya Ufaransa ya zama zetu sura yake, namtanguliza Claire Mathon, ambaye huiachia nuru iseme kabla ya waigizaji kufumbua vinywa. Katika L'Inconnu du lac ya mwaka 2013, iliyopigwa kando ya ziwa kwa nuru ya asili, jua huchwa mbele ya macho yetu, nyuso zikazama gizani, na hofu ikazidi bila ya kuitwa.

Lakini kilele cha ustadi wake, kwa rai yangu, ni Portrait de la jeune fille en feu ya Céline Sciamma, iliyompatia Mathon tuzo ya César mwaka 2020. Humo ngozi ya bibi anayechorwa imeangazwa kwa upole, pasipo kivuli kikali, hata wekundu wa haya unaopanda shavuni waonekana dhahiri, nasi twamtazama kwa subira ileile ya mchoraji.

Mwaka 2019 ilitoka pia Atlantique ya Mati Diop, ambayo Mathon aliipiga Dakar, ambamo nyuso nyeusi zang'aa usiku kwa hadhi yake kamili, hazikufifishwa wala hazikupaushwa, hidaya ambayo kamera za Ulaya zilituhini kwa miaka mingi.