Juma wa Alhamisi

Anayehakiki jina la mtoto wa Kiuyu, Pemba, aanze na saa aliyozaliwa, kitabu kije baadaye. Kitabu kitamweleza kuwa Faki ametoka kwenye faqih ya Kiarabu, mjuzi wa sheria ya dini. Sawa, lakini hiyo ni asili ya neno tu. Kwa nini mtoto huyu akaitwa Faki ni swali jingine, na lina njia zake.

Majina ya siku ndiyo yanayopimika vizuri. Juma na Mwanajuma ni wa Ijumaa, Khamis ni wa Alhamisi. Chukua tarehe, tafuta siku. Hapo wengi huteleza, maana kwa hesabu ya Kiislamu siku huanza jua likishakuchwa. Aliyezaliwa Alhamisi saa mbili usiku ni mtoto wa usiku wa Ijumaa: cheti kitaandika Alhamisi, nyumbani ataitwa Juma, na wote wawili wako sahihi. Rajabu, Shaabani na Ramadhani nao wanataka kalenda ya Hijria, ambayo mwaka wake una siku 354 au 355. Tarehe ikiangukia mwandamo wa mwezi, acha nafasi ya siku moja.

Angalia pia ni jina la nani. Dk. Omar Ali Juma, mzaliwa wa Chake Chake aliyekuwa Makamu wa Rais wa Tanzania kuanzia 1995 hadi 2001, alizaliwa tarehe 26 Juni 1941, siku ya Alhamisi. Hakuna kosa: kwa desturi ya Visiwani jina la tatu ni la babu, kwa hiyo tarehe ya mjukuu hailipimi. Wala jina la siku si lazima: mwanasiasa Maalim Seif Sharif Hamad wa Mtambwe alizaliwa tarehe 22 Oktoba 1943, Ijumaa kabisa, wala hakuitwa Juma.

Kisha kuna somo, yaani mtu ambaye mtoto hupewa jina lake. Mtoto wa Jumanne akipewa jina la babu yake Khamis, kalenda haina la kusema. Tatu naye huenda ni binti wa tatu, huenda ni wa Jumatatu. Hesabu dada zake kwanza. Mashaka na Tabu ndio wagumu zaidi, kwani mashaka yale yalikuwa ya mama, ya baba au ya ukoo mzima, na anayejua ni aliyetia jina.

Basi wazazi, jina likishatiwa siku ya saba, andikeni mahali saa ya kuzaliwa, nani aliyelichagua na kwa sababu gani, bibi angali hai.