Jiwe, Kitabu na Kinywa: Namna Kundi Dogo Lilivyoongozwa Kutoka Kilwa Hadi Unguja

Ziara ya kundi dogo aghalabu husifiwa kwa raha zake: kwamba abiria hawabanani garini, kwamba chakula hakichelewi, na kwamba kiongozi huyajua majina ya wageni wake kabla jua la siku ya kwanza halijachwa. Hayo yote ni kweli, wala siyadharau. Lakini kwa rai yangu faida iliyo kubwa zaidi ni kwamba udogo wa kundi ni chombo cha kazi, ambacho kiongozi aliye hodari akikishika huweza kuwafanyia wasikilizaji wake jambo lisilowezekana mbele ya watu hamsini, yaani kuwaonyesha yaliyopita pamoja na njia tuliyopata kuyajua hayo yaliyopita, akiwatengea mbalimbali ushahidi wa jiwe, ushahidi wa kitabu na ushahidi wa kinywa cha watu. Mbele ya umati swali la mtu mmoja ni udhia kwa wengine, na kwa sababu hiyo kiongozi hulazimika kusimulia hadithi moja iliyonyooka, isiyo na shaka ndani yake. Bali mbele ya watu wachache swali huwa ni sehemu ya darsa.

Ziara ninayokusudia kuichambua ilianzia Dar es Salaam, ikashuka kusini hadi Kilwa, ikarudi kaskazini Bagamoyo, kisha ikavuka bahari na kumalizikia Unguja. Nami nilikuwa miongoni mwa wageni wake, ambao wote kwa jumla walienea katika gari moja dogo na katika mashua moja. Mtu aliyezoea biashara hii ataona mara moja kwamba mpangilio huo ni kinyume cha desturi, kwa kuwa wengi huanza na Unguja, penye uwanja wa ndege na hoteli nyingi, na Kilwa huachwa mwisho, kama haikuachwa kabisa kwa urefu wa njia. Kiongozi wetu, mzee aliyewahi kusomesha tarehe kabla ya kuingia katika kazi hii, na ambaye sote tulimwita Mwalimu, alikuwa na hoja yake. Sehemu kubwa ya majumba tuyaonayo leo Mji Mkongwe ni kazi ya karne ya 19, na mgeni akiyatangulia hayo, pamoja na milango yake ya nakshi na majumba ya masultani wa Kiomani, hudhani kwamba huo ndio ukale wote wa pwani, na akifika Kilwa baadaye huona magofu ya Unguja nyingine tu, asijue kwamba amesimama katika mji uliokuwa ukitawala biashara ya dhahabu ya Sofala miaka mia tano kabla Seyyid Said, sultani wa Oman, hajahamia visiwani. Kuanza na Kilwa ni kumpa mgeni kipimo cha wakati kabla ya kumpa vitu vya kupimwa.

Njia yenyewe siku hizi si taabu kama zamani, maana tangu daraja la Mkapa lilipofunguliwa mwaka 2003 hakuna tena kungoja kivuko ukingoni mwa Rufiji, na mtu aondokaye Dar es Salaam alfajiri huweza kula chakula cha mchana Kilwa Masoko. Kibali cha kuingia magofuni hulipiwa huko Masoko kabla ya kuvuka, na Mwalimu alikuwa amekwisha kulimaliza jambo hilo siku ya kufika, ili asubuhi ya pili isiliwe na karatasi.

Asubuhi hiyo ndipo nilipouona ustadi wa kwanza, nao haukuhusu tarehe ila maji. Kila anayeishi pwani anajua kwamba maji hujaa na kupwa mara mbili kwa mchana na usiku wake, na kwamba saa zake husogea mbele kila siku kwa muda usiopungua sana saa moja, tena kwamba wakati wa bamvua hupwa mno na wakati wa maji mafu husogea kidogo. Lakini ni wachache wapangao ziara kwa kuyafuata hayo, na matokeo yake ni wageni kuteremshwa katika tope, viatu mkononi, wakiwa wamekwisha kuchoka na kukasirika kabla ya kuona jiwe lolote. Mwalimu alikuwa ameipanga wiki nzima kwa saa za maji, akamwuliza nahodha jioni, akamwuliza tena alfajiri, na tulipovuka kwenda Kilwa Kisiwani, kisiwa chenye magofu, mashua iliweza kutufikisha karibu kabisa na ngome iitwayo Gereza. Tena alitupitisha pale Gerezani pasipo kusimama, ingawa ndilo jengo la kwanza kuonekana na ndilo lililosimama vyema kuliko mengine, akisema kwa ufupi kwamba tutalirudia baadaye, kwa kuwa ni la mwisho katika hesabu ya miaka. Mgeni mmoja alinung'unika kidogo, maana kamera yake ilikuwa tayari mkononi.

Tukaingia Msikiti Mkuu. Hapa naomba wasaa nieleze kwa urefu, kwa sababu ndipo kazi yote ilipodhihirika. Mwalimu hakutuhutubia. Alitusimamisha katika ukumbi mdogo wa kaskazini, akatutaka tutazame chini, kisha juu, kisha tupite taratibu hadi sehemu kubwa ya kusini, iliyo na nguzo zenye pembe nane na kuba na matao juu yake, halafu turudi tumweleze ni ipi iliyotangulia kujengwa na tumejuaje. Kwa dakika kadhaa hakusema neno. Watu walianza kuzunguka, wakagusana mabega, wakaonyeshana: huyu akaona kwamba kuta za sehemu mbili hazikuungana sawasawa, yule akaona kwamba ukumbi wa kaskazini haukuwa na dalili ya kuba bali ya dari bapa iliyolazwa juu ya boriti, na mama mmoja kutoka Tanga, aliyejua ujenzi kwa kuwa marehemu mumewe alikuwa mwashi, akasema kwamba aliyejenga kule kaskazini aliiogopa nafasi pana, na aliyejenga kusini alikuwa haiogopi tena. Ndipo Mwalimu akaongeza yale tusiyoweza kuyaona kwa macho: kwamba ukumbi wa kaskazini huhesabiwa kuwa asili yake ni karne ya 11 au ya 12, kwamba sehemu ya kusini iliongezwa baadaye, wakati mji ulipokuwa na utajiri mwingi, kwamba ilipata kuanguka ikajengwa upya katika karne ya 15, na kwamba baadhi ya kuba zilipambwa kwa vyombo vya kaure vya Kichina vilivyopachikwa ndani ya chokaa. Jambo kama hili haliwezekani kwa watu hamsini, kwa sababu nafasi baina ya nguzo hairuhusu, na kwa sababu watu hamsini wakiachwa wanyamaze na watazame huanza kuzungumza mambo yao.

Nje ya msikiti, kivulini, tulisimuliwa asili ya mji. Kipo kitabu cha Kiarabu cha habari za Kilwa, kilichotungwa katika karne ya 16, ambacho nakala yake iliyobaki iliandikwa mwaka 1877 na sasa imo London. Nacho chasimulia kwamba mfalme wa Shiraz na wanawe walikuja kwa merikebu saba, na aliyefika Kilwa alikinunua kisiwa kwa nguo zilizotosha kukizunguka chote, kisha akauchimba mkondo ili mfalme wa bara asiweze kuvuka tena maji yakipwa. Hadithi hiyo ni nzuri, na kiongozi mvivu huiachia hapo. Mwalimu aliisimulia kwa ukamilifu na kwa heshima, akasema, "Hiki ndicho kitabu," kisha akatugeuzia upande wa ardhi: kwamba machimbo ya mwanaakiolojia Neville Chittick katika miaka ya 1960 yalionyesha watu wakikaa hapa, wakifua chuma na kuvua samaki, tangu takriban karne ya 9, kabla ya nasaba yoyote ya Kishirazi; kwamba sarafu ndogo za shaba zenye jina la Ali bin al-Hassan, asemwaye kuwa ndiye sultani wa kwanza wa Kishirazi, zimepatikana kweli, hata mtu huyo hawezi kufanywa wa kubuni tu; na kwamba uchunguzi wa mifupa ya makaburi ya pwani, uliotangazwa mwaka 2023, umeonyesha asili ya kike iliyo karibu yote ya Kiafrika, pamoja na asili ya kiume iliyotoka kwa sehemu kubwa Uajemi, mchanganyiko ulioanza zamani za mwaka 1000 hivi. Kijana wa Kisiwani aliyekuwa akitusaidia alikuwa na riwaya yake pia, aliyoipata kwa babu zake, nayo ilisikilizwa kwa makini ile ile. Hapana aliyeambiwa aamini lipi.

Naliona hili kuwa ndilo kiini cha kazi nzuri ya uongozi, na nalishikilia kwa dhati, kwa sababu watu wetu wamechoshwa na tarehe za namna mbili: moja iliyowaambia kwamba kila jiwe pwani lililetwa na wageni, na nyingine iliyojibu kwa kukana kwamba mgeni yeyote alipata kufika. Mtu akionyeshwa ushahidi wenyewe, na aina zake, na mipaka yake, hahitaji kuchaguliwa upande.

Husuni Kubwa ipo mbali kidogo na mji, upande wa mashariki, juu ya jabali linalotazama bahari, na mwendo wake kwa miguu ulikuwa mgumu kwa wazee wawili, ambao walipelekwa kwa mashua na yule kijana tukakutana nao huko. Jambo dogo, lakini kundi kubwa lingeliwaacha kivulini wasubiri. Jumba hili, lenye vyumba zaidi ya mia, ni la Sultani al-Hassan bin Sulaiman, ambaye kwa ukarimu wake alipewa lakabu ya Abu al-Mawahib, na ambaye msafiri Ibn Battuta alimkuta akitawala alipofika Kilwa mwaka 1331 na kuusifu mji kwa uzuri wake. Tuliketi katika ukingo wa birika lenye pembe nane, tukaelezwa kwamba sarafu yenye jina la sultani huyu imepatikana Zimbabwe Kuu, mbali kabisa barani. Na hapo ile biashara ya dhahabu, ambayo vitabuni ni mstari tu kwenye ramani, ikawa ni kitu kilichopita mkononi mwa mtu. Jirani yake ipo Husuni Ndogo, boma la mstatili lenye kuta nene na minara. Yule mama wa Tanga akauliza:

"Mwalimu, na hili lilikuwa la kazi gani?"

"Halijulikani, mama. Wako wasemao lilikuwa la askari, wako wasemao la bidhaa. Wewe uliolewa na mwashi, hebu tazama utuambie."

Akatazama, akazunguka ndani yake kwa muda, akarudi na kusema kwamba kuta ni nene kuliko haja ya ghala. Nimekwisha kuwasikia viongozi kadha wa kadha wakilijibu swali hilo hilo, katika sehemu nyingine, kwa uhakika usio na msingi wowote.

Gereza lilipata nusu saa, nalo halikustahili zaidi kwa siku ile: ngome waliyoianza Wareno baada ya kuuteka mji mwaka 1505, wakaiacha mwaka 1512, na ambayo kwa umbo lake la sasa ni kazi ya Waomani wa mnamo mwaka 1800. Kwa kuwa tulilijia likiwa la mwisho, kila mtu alielewa bila ya kuambiwa kwamba ni jengo la watu waliokuja kuuchukua mji, wala si la waliouanzisha.

Bagamoyo, nasikitika kusema, haikupewa haki yake. Kampuni iliyoitengeneza ratiba ilikuwa imeuminya mji mzima katika muda wa baina ya asubuhi na alasiri, kwa ajili ya boti ya kesho, na humo mlikuwamo Kaole pamoja na makaburi yake yenye nguzo, Boma la Wajerumani la mwaka 1897, na misheni iliyoanzishwa mwaka 1868, ambamo mwili wa mpelelezi Livingstone ulilazwa Februari 1874 baada ya watumishi wake Susi na Chuma na wenzao kuuchukua kwa miguu kutoka ndani ya bara. Mwalimu alifanya alilopaswa kulifanya fundi aliyepewa kitambaa kifupi: alikata. Aliliacha Boma tulione kwa nje tu, akatumia wakati uliobaki juu ya wapagazi, waliosababisha mji ule uwepo, na ambao hawakuacha majengo. Nakubaliana naye, ingawa naona ratiba ilimwonea.

Unguja palikuwa na jaribio lililo zito zaidi. Katika mtaa wa Mkunazini, kwenye kanisa kuu la Kianglikana ambalo lilianza kujengwa mwaka 1873 juu ya uwanja wa soko la watumwa, mwaka ule ule Sultani Barghash alipotia saini mkataba wa kulifunga, wageni huteremshwa katika vyumba vya chini, vifupi na vyenye joto, na kuelezwa kwamba humo ndimo watumwa walimofungiwa wakingojea kuuzwa. Wako wanahistoria wanaoshikilia kwamba jengo la juu yake lilijengwa na wamisionari baada ya soko kufungwa, na kwamba vyumba vile vilikuwa ni vya akiba tu. Kiongozi afanyeje? Akinyamaza amewadanganya wageni. Akisema ovyo amewapa wasioamini mateso ya watumwa sababu ya kucheka.

Mwalimu hakutuambia neno mle ndani. Alituacha tukae, tukatoka, akatupeleka kwenye sanamu za watu waliosimama shimoni na minyororo shingoni, kisha akatukusanya uani akatueleza yote: kwamba soko lilikuwapo hapa, na kwamba hilo limethibiti kwa hati za wakati ule na kwa mkataba wenyewe, kwamba habari ya mti wa kuchapia, usemwao kuwa ulisimama palipo madhabahu, ni mapokeo yanayoheshimiwa na kanisa, na kwamba habari ya vyumba ina mzozo, na mzozo wenyewe ni huu. Watu hawakuvunjika moyo hata kidogo. Maswali yaliyofuata yalichukua muda mrefu kuliko matembezi, yakaendelea njiani hadi Forodhani, mbele ya jumba la Beit al-Ajaib lililoporomoka sehemu Desemba 2020, ambapo mama wa Tanga alitaka kujua ni mwashi gani atakayelijenga upya, na kwa chokaa ya namna gani.

Kama ningeulizwa na mwenye kupanga ziara kama hii niongeze nini, ningemwomba aondoe usiku mmoja Unguja aupeleke Kilwa, kwa ajili ya Songo Mnara. Sisi hatukuifikia, kwa kuwa kuifikia kunataka kupita katikati ya mikoko na kuyavuka maji kwa miguu, na siku iliyobaki saa za maji hazikukubali. Nao ni mji wa karne ya 14 hadi ya 16 ambao nyumba zake za raia, pamoja na vizingiti vyake vya matumbawe yaliyochongwa, zingetuonyesha maisha ya watu wasiokuwa masultani. Usiku mmoja zaidi ungelitosha kuyangojea maji.