Sauti ya Mtangazaji katika Vichekesho vya Monty Python

Wanaokiita kipindi cha Monty Python's Flying Circus upuuzi mtupu huyasikiliza maneno peke yake. Kipindi hicho chenye sehemu 45 kilionyeshwa na BBC ya Uingereza tangu tarehe 5 Oktoba 1969 hadi Desemba 1974. Kinachovunjwa humo si mantiki tu, bali taratibu za televisheni yenyewe, ambazo mtazamaji amezizoea hata hazioni tena.

John Cleese huketi nyuma ya meza ya mtangazaji, amevaa rasmi, akitangaza kwamba sasa kinafuata kitu tofauti kabisa. Lakini meza imewekwa nje, mahali pasipohusiana na utangazaji. Lugha yake haina kasoro. Ndipo ilipo nguvu ya dhihaka: mtindo wa kusema umehifadhiwa kwa uaminifu, muktadha wake umeondolewa. Majina ya waigizaji nayo yaweza kupita katikati ya kipindi. Na mchezo ukikosa mwisho, Graham Chapman huingia akiwa kanali na kuamuru uachwe kwa kuwa umezidi upuuzi. Mbinu ya kijanja, ingawa ikirudiwa mno hunukia uvivu.

Mfano bora zaidi ni wa Desemba 1970. Marx, Lenin, Mao na Che Guevara wameketi kana kwamba watajadili siasa, kisha wanaulizwa habari za kandanda na nyimbo. (Che huyo, msomaji wa Kongo atakumbuka, mwaka 1965 alikuwa katika milima ya upande wa Fizi, akiitwa kwa jina la Kiswahili: Tatu.) Marx anashindania samani za sebuleni, na swali la mwisho, kuhusu Kombe la Uingereza la mwaka 1949, analijibu kwa msamiati wa wafanyakazi na nyenzo za uzalishaji. Jibu ni fasaha, ila si la swali lile. Anayedhihakiwa si Marx, kama wadhanivyo wengine. Ni bwana wa maswali, ambaye kwa tabasamu lake humgeuza kila mwanafikra kuwa mshindani wa zawadi.

Sehemu 6 za mwaka 1974, ambazo Cleese hakuigiza, zimepungua ukali: pasipo sauti ile rasmi mzaha hauna cha kuegemea. Pungufu zito zaidi ni wahusika wa kike. Mara nyingi wanaigizwa na wanaume kwa sauti nyembamba ya kukwaruza, naye Carol Cleveland hupewa nafasi ya kutazamwa kuliko ya kusema. Kundi lililozipindua desturi nyingi za studio halikuigusa hiyo.