Ngazi za Tsutomu Nihei

Anayetaka kuuelewa mkono wa Tsutomu Nihei na aanze na ngazi. Katika manga yake BLAME! ziko kila mahali: za chuma, za zege, nyingine zimebanwa ukutani bila hata kishikio, chini yake weusi mtupu. Nihei alifanya kazi ya ujenzi kabla ya kuwa mchoraji wa manga, na inaonekana. Mguu wa kila msomaji unajua kimo cha kipandio kimoja. Basi anapovichora vipandio vidogo kama chembe za mchanga, vikipanda ubavu wa mnara hadi vikapotea kwenye ukungu, hana haja ya kuandika mnara una urefu gani. Mwili wako umeshapiga hesabu.

Manga hiyo ilitoka katika jarida la Afternoon la kampuni ya Kodansha, Japani, kuanzia 1997 hadi 2003, ikajaza vitabu 10. Killy, mtu wa maneno machache, anatembea ndani ya jengo kubwa mno liitwalo Jiji akimtafuta binadamu mwenye jeni ambayo zamani iliwaruhusu watu kuingia kwenye mtandao unaoliendesha Jiji. Jeni hiyo imepotea. Kwa hiyo hakuna tena wa kuziamuru mashine za ujenzi zisimame, nazo zinazidi kujenga, tabaka juu ya tabaka, huku mfumo wa ulinzi ukimwua kila binadamu asiye na jeni kana kwamba ni mvamizi. Nalistahi sana wazo hili. Mwandishi mvivu angemweka dikteta juu ya yote hayo. Nihei anatuachia mashine tiifu, na utiifu wao ndio unaotisha.

Haya yote msomaji huyaokota njiani, kipande hapa, kipande pale. Kurasa nyingi hazina neno hata moja. Killy anapanda, anavuka daraja, anasimama ukingoni. Na katikati ya fremu mbili huenda muda mrefu mno umepita, wala hakuna anayekuambia. Mahali fulani anavuka uwazi mkubwa unaolingana kwa upana na sayari ya Mshtarii. Mchoraji mwingine angeupigia ngoma. Nihei anaupitisha kama sehemu ya safari, na kwa kufanya hivyo analifanya Jiji liaminike: wanaoishi humo hawashangai.

Hata silaha ya Killy ni somo la usanifu. Ni ndogo, inashikwa kwa mkono mmoja, lakini mwale wake hutoboa kuta zote zilizo mbele, na kupitia tundu hilo tunaona jinsi tabaka za Jiji zilivyopangwa, kama mkato kwenye ramani ya mhandisi.

Kuna gharama. Mapigano mara nyingi hayasomeki. Unarudia ukurasa kutafuta mkono ni wa nani. Katika Knights of Sidonia, manga yake ya baadaye iliyompatia Tuzo ya Manga ya Kodansha mwaka 2015, mistari imekuwa myembamba na safi, na kila pigo linaeleweka. Wasomaji wengi waliingia kupitia mlango huo, na ni mlango mzuri. Mimi bado nachagua vitabu vya mwanzo vya BLAME!, wino umelowa mpaka pembezoni mwa karatasi, na mchoraji kijana hajakubali bado kuacha pembe yoyote bila bomba, waya au ngazi.