Kutengwa au Kutenganisha? Uhakiki wa Istilahi Moja ya Umeme

Mwaka 2024 treni za umeme zilianza kubeba abiria baina ya Dar es Salaam na Dodoma. Reli hiyo imekusudiwa kufika Tabora na kuendelea magharibi, kandokando ya njia ya kale ya misafara, kama ilivyofanya reli ya kwanza iliyofika Tabora mwaka 1912. Waya wake wa juu hubeba volti 25,000. Ndani ya treni umeme huo hupunguzwa na transfoma, kisha hugeuzwa ili uendeshe mota. Vifaa vidogo hupima mkondo na kuarifu mtambo wa kudhibiti, bila waya wa saketi kuu kuungana na waya wa taarifa.

Kifaa hicho kikifasiriwa neno kwa neno huwa "kihisi mkondo kilichotengwa". Hatuikubali tafsiri hiyo, kwa sababu mbili. Kwanza, haisemi kimetengwa na nini. Kwa hakika kihisi hakikutengwa, bali ndicho kinachotenganisha saketi mbili. Pili, na hili ni zito zaidi, kutenga laini ya umeme hufahamika kuwa ni kuikata na chanzo chake ili ifanyiwe kazi. Fundi anayesoma "kilichotengwa" aweza kudhani kwamba hapana umeme, naye akapoteza maisha.

"Kilichohamiwa" nacho hakitoshi. Kuhami ni kuvika waya kitu kisichopitisha umeme. Kipimo kilichounganishwa na shanti katika saketi kuu chaweza kuhamiwa vema kwa nje, na bado kikaileta volti ya saketi hiyo hadi kwenye waya wa taarifa.

Istilahi njema imsaidie fundi hata katika kuchagua. Transfoma ya mkondo hutenganisha saketi, lakini haipimi mkondo mnyoofu. Kihisi kinachotumia athari aliyoigundua Edwin Hall mwaka 1879 hupima mkondo mnyoofu na mkondo geu kwa njia ya usumaku, ingawa joto huweza kupotosha kipimo chake. Shanti ni rahisi na sahihi, ila haitenganishi mpaka iongezewe kikuzaji chenye kizuizi. Vyote vitatu hupima mkondo; tofauti yao imo katika kutenganisha, nayo ndiyo inayopaswa kusikika katika jina.

Kwa hiyo twapendekeza "kihisi mkondo tenganishi". Umbo hili lataja kazi ya kifaa, wala halisemi lolote juu ya kuwepo au kutokuwepo kwa umeme.

Katika njia ya misafara, "hongo" ilikuwa ada waliyolipwa watemi ili msafara upite. Leo ni rushwa. Neno hilo lilihama maana polepole, na wasemaji wakahama nalo. Neno la fundi aliye mbele ya mtambo halina nafasi hiyo. Tunawaomba mafundi na walimu wa ufundi, hasa wa Tabora, watupe maoni yao kabla istilahi hii haijasanifiwa.