Kifo cha Ji Kang: Mwaka Uliofichika Katika Vyeo vya Watu Wengine

Vitabu vingi vya rejea vinaandika miaka ya Ji Kang kuwa 223–262. Vingine vinaandika 224–263. Tofauti ni mwaka mmoja, na wengi hawaioni. Lakini ukifuatilia tarakimu hizo zilikotoka, unakuta uchunguzi ulioanza zaidi ya miaka 1,500 iliyopita, na ambao kwangu ni somo kamili la namna ya kumtafutia mtu wa kale tarehe zake.

Ji Kang alikuwa mwanachuoni na mpigaji wa qin, kinanda cha nyuzi saba ambacho wasomi wa China walikienzi kuliko ala nyingine. Aliandika shairi refu la kukisifu, na risala inayoshikilia kwamba sauti ya muziki haina furaha wala huzuni ndani yake. Hisia hizo ni za msikilizaji. Aliishi katika dola ya Wei, wakati ukoo wa Sima ulipokuwa ukiwanyang'anya madaraka wafalme wa ukoo wa Cao, na yeye alikuwa ameoa kwa hao Cao. Rafiki yake Lü An aliposhtakiwa na kaka yake mwenyewe, Lü Xun, kwamba hana utii kwa mzazi, Ji Kang alisimama kumtetea. Wote wawili wakahukumiwa kifo. Habari za siku ile zimehifadhiwa vizuri: soko la mashariki la mji wa Luoyang, wanafunzi 3,000 wa chuo cha dola wakimwombea msamaha bila kusikilizwa, yeye akitazama kivuli cha jua, kisha akiomba qin na kupiga kipande cha Guangling San kwa mara ya mwisho. Tumeambiwa hata alichopiga. Mwaka hatukuambiwa.

Mwanahistoria Chen Shou, aliyeishi karibu na matukio hayo, aliandika tu kwamba Ji Kang aliuawa katika kipindi cha Jingyuan. Wachina wakati huo walihesabu miaka kwa majina ya vipindi yaliyotangazwa na ikulu, na Jingyuan ni kuanzia 260 hadi 264. Katika karne ya 4 wakaja waandishi watatu, Gan Bao, Sun Sheng na Xi Zuochi, wakataja mwaka kamili: wa pili wa Zhengyuan, yaani 255. Watatu dhidi ya mmoja, nao wana tarehe kamili ilhali mwenzao ana kipindi tu. Wengi wetu tungewafuata watatu.

Pei Songzhi hakuwafuata. Mfalme alimwagiza aandike maelezo ya kukifafanua kitabu cha Chen Shou, akayawasilisha mwaka 429. Alipofika kwa Ji Kang alianza na swali ambalo wahariri wengi hulisahau: kosa hili, kama ni kosa, limezaliwaje? Jibu lake ni kwamba kulikuwa na kitabu cha masimulizi kilichodai kuwa Ji Kang alitaka kukusanya askari amuunge mkono jenerali Guanqiu Jian, aliyeasi mwaka 255. Waasi walishindwa mwaka huohuo, na waandishi wakaona ni jambo la kawaida kwamba Ji Kang naye aliuawa hapohapo. Kwa hiyo mwaka 255 haukutoka kwenye kumbukumbu yoyote. Ulitokana na kukisia, na sauti tatu zilizoonekana kukubaliana zilikuwa zikinywa kisima kimoja.

Baada ya hapo akaleta ushahidi. Ji Kang alimwandikia Shan Tao barua maarufu ya kuvunja urafiki, kwa sababu Shan Tao, akiwa afisa wa kuteua watumishi wa serikali, alitaka kumpendekeza ashike nafasi yake. Pei akaenda kwenye wasifu wa kazi wa Shan Tao, akakuta kwamba cheo hicho alikipata kwa mara ya kwanza mwaka wa pili wa Jingyuan, 261. Mtu aliyekufa 255 hawezi kukataa nafasi ya afisa aliyeteuliwa kwa mara ya kwanza mwaka 261. Halafu akamgeukia Zhong Hui, aliyeshinikiza hukumu ile. Wasifu wake unasema alifanya hivyo akiwa mkaguzi mkuu wa eneo la mji mkuu, na cheo hicho alikuwa nacho katika Jingyuan. Mwisho akambana Gan Bao kwa maneno yake mwenyewe: Gan Bao anasema Lü Xun alikuwa karani wa waziri mkuu wa dola, lakini Sima Zhao, mkuu wa ukoo wa Sima, hakushika uwaziri mkuu huo kabla ya 263. Anayetaja cheo hicho hawezi papo hapo kushikilia mwaka 255.

Ninachokipenda katika kazi hii ni uchaguzi wa mashahidi. Msimuliaji huvuta habari kuelekea kwenye utamu wake. Orodha ya uteuzi haina utamu wa kuvutia popote, kwani aliyeiandika hakuwa akimfikiria Ji Kang hata kidogo.

Pei aliishia kwenye kipindi. Kufika kwenye mwaka kunahitaji hatua nyingine, na hapo mashahidi wanagongana. Katika barua ile Ji Kang anasema mwanawe wa kiume ana miaka 8. Kitabu cha historia ya dola ya Jin, kilichokamilika 648, kinasema mwana huyo, Ji Shao, alifiwa na baba akiwa na miaka 10. Ikiwa barua ni ya 261, kifo kinaangukia 263. Lakini Zhong Hui aliacha ukaguzi wa mji mkuu majira ya baridi ya mwaka wa tatu wa Jingyuan, akapelekwa magharibi kuandaa vita dhidi ya dola ya Shu. Kama aliisukuma hukumu akiwa bado mkaguzi, basi Ji Kang alikufa kabla ya mwisho wa 262. Sima Guang, katika kitabu chake kikubwa cha historia cha 1084, aliliweka tukio hilo mwaka 262.

Nami naegemea 262, kwa kuwa hivi vipimo viwili havina uzito sawa. Kumi ni namba ya mviringo. Mtoto wa miaka 9 aliyefiwa anaweza kuandikwa wa miaka 10 bila mwandishi kuona amedanganya. Uhamisho wa jenerali kwenda vitani hauzungushwi hivyo. Hata hivyo vyeo navyo vina udhaifu wao: mwandishi wa baadaye huweza kumpa mtu cheo alichokuja kukipata mbele ya safari, na huenda ndivyo Gan Bao alivyofanya kwa Sima Zhao. Kwa hiyo hoja ile ya tatu ya Pei inamwangusha Gan Bao, lakini haitoshi kuusogeza mwaka hadi 263.

Mwaka wa kuzaliwa ndio dhaifu zaidi. Hesabu yote inategemea kauli moja ya kitabu cha Jin, kwamba Ji Kang aliuawa akiwa na miaka 40. Kwa hesabu ya jadi ya Kichina mtoto huzaliwa akiwa na mwaka mmoja na huongeza mwingine kila mwaka mpya, hivyo aliyekuwa na miaka 40 mwaka 262 alizaliwa 223, wala si 222. Ukikisogeza kifo, kuzaliwa nako kunasogea. Na 40, kama 10 ya mwanawe, ni namba ya mviringo. Ndiyo maana mbele ya 223 ningeweka neno "takriban", na mbele ya 262 nisingeliweka.